Nilivyoyajua magugu ya shambani kwa majina

Ukitaka kuyajua magugu ya kwenu kwa majina, ng'oa mmea mzima na mizizi yake, uwapelekee wanaopalilia. Mimi nilijifunza hivyo Muheza, mkoani Tanga, nikifuatana na shangazi yangu kwenye palizi ya mahindi. Aliyeshika jembe hatazami ua peke yake. Huvunja jani, hunusa, huonja.

Mchunga ndio ulionifungua macho. Vimaua vya njano vimejaa kando ya njia na vinafanana, ila shangazi alikata jani, utomvu mweupe ukachuruzika, akanipa nionje. Uchungu ule hausahauliki! Huo haukutupwa, uliingia kapuni na jioni ukapikwa kwa nazi.

Kishona nguo hakihitaji mwalimu: pita katikati yake kikishakauka, mbegu zake nyeusi zenye vijino utarudi nazo kwenye kanga. Kongwa, lenye kiua cha buluu, lina mambo zaidi. "Mwanangu, usiliache chini hilo," shangazi aliniambia, maana kipande cha shina kikilala kwenye udongo wenye unyevu huota upya. Nilipolichimbua taratibu nilikuta vimaua vingine vimejificha ardhini, navyo hutoa mbegu hukohuko.

Lakini jina ambalo kila mkulima wa mahindi alijue ni kiduha. Ua lake jekundu ni dogo na la kupendeza, ila ukiliona, mahindi yameshaumia. Kabla hakijachomoza, mizizi yake huwa imeshajishika kwenye mizizi ya mahindi na kuyanyonya, yakadumaa na kunyauka hata kama mvua inanyesha. Mmea mmoja hutoa maelfu ya mbegu ndogo kama vumbi, na zinaweza kukaa udongoni zaidi ya miaka 10. Sisi tunaking'oa kabla hakijatoa mbegu, tunakichoma. Kanda ya Ziwa kipo cha maua ya waridi, kwa hiyo usikitafute kwa rangi nyekundu tu.

Kila mmea naukausha kati ya kurasa za gazeti, naandika jina, kijiji, mwezi na aliyenitajia. Pembeni naweka jina la kitaalamu, kama Launaea cornuta kwa mchunga, kwa sababu jina moja huweza kubeba mimea miwili ukihama kijiji. Sasa naongeza majina ya Kibondei, lugha ya Wabondei wa Muheza, na wazee wa huku wanayo mengi.