Ndani ya mashua ya mashindano, Lamu

Basi la kutoka Tanga, kupitia Horohoro na Mombasa hadi Mokowe, kwenye gati la kuvukia Lamu, halikunichosha nilivyotarajia. Kuanzia Garsen ni lami. Bei ndizo zilizoniuma. Novemba, Lamu inapokuwa na Tamasha la Utamaduni, chumba chenye feni mbovu hulipiwa kama kina bahari yake peke yake. Na mwenye boti tuliyeelewana jioni anichukue nikapige picha mashindano ya mashua, asubuhi alitaka mara mbili. Nimerekodi ngoma na michezo ya pwani miaka mingi, na tabia hii ya kumkaba mtu dakika ya mwisho bado inaniudhi. Nilikataa.

Nahodha mmoja mzee wa Matondoni, kijiji cha mafundi wa vyombo, alisikia tukizozana jetini. Akanipima kwa macho, mimi na kamera.

"Uzito wako ni viroba viwili vya mtanga," akasema, yaani mchanga. Viroba viwili vikashushwa, nikapanda mimi.

Mashua ile siku za kazi hubeba boriti na mawe. Ukiwa nchi kavu unaona matanga yakipita tu. Ndani ni makelele na maji. Chombo kikilala, vijana hukimbilia upande wa juu na viroba hupokezanwa mkono kwa mkono. Kikigeuzwa, foromali, mti unaobeba tanga, hupitishwa mbele ya mlingoti hadi upande wa pili, na viroba vyote vifuate.

Nilimlenga kijana wa demani, kamba ya kuongozea tanga. Kiganja kimechubuka, mwili ameutupa nyuma, macho hayabanduki kwenye ukingo wa tanga. Upepo ukikaza, analegeza kamba kiasi cha shibiri, ukipoa, anavuta. Nahodha hakumwambia neno. Nikasogea hadi nikaisikia kamba ikilia.

"Mwanangu, wata kamera, ufue maji!" nahodha akanikemea: niache kamera, nichote maji niyamwage nje.

Yalishafika vifundoni. Nilifua kwa kopo la rangi mpaka mwisho, kwa hiyo picha za kumalizia sina hata moja. Tulikuwa wa pili. Walioshinda walilaumiwa kwamba walituzibia upepo, na kesi hiyo ikanguruma barazani hadi adhana ya magharibi, watu wazima wakichora njia za mashua chini kwa fimbo.

Niliona wivu. Kwetu Tanga resi za ngalawa husubiri mgeni rasmi. Akiondoka, habari imekwisha. Hapa mashindano ni ya mtaa, na mtaa unajua nani alishindwa mwaka gani na kwa sababu gani. Usiku nilimpigia baba mdogo, mvuvi wa pale Deep Sea, mwalo wa samaki wa Tanga, nimsimulie. Wala hakuuliza nani kashinda. Aliuliza demani ilishikwa na nani, na nani aliyemfunza.

Asubuhi nilishika njia ya Matondoni kwa miguu, kwenda kumtafuta huyo mwalimu.