Silaha inayoanza kwa kusikiliza

Katika ulimwengu wa riwaya ninayoiandika kuna kundi la silaha zinazotumia sauti. Watu wa huko huziita mivumo. Ziko za upatu, za uma, za filimbi na za baragumu, na zote zinaua. Nazipenda kuliko hata baadhi ya wahusika wangu, ndiyo maana nimezinyima kile ambacho wasomaji wengi hukitarajia wakisikia silaha ya sauti: uwezo wa kubomoa chochote, popote, kwa kelele kubwa tu.

Ukiiandika hivyo, sauti inakuwa risasi isiyoonekana. Shujaa anapaza sauti, adui anarushwa huko, ukuta unadondoka. Weka moto mahali pake, au radi, na sura hiyo haibadiliki hata kidogo. Mimi nataka silaha ambayo ukiitoa na kuweka upanga, hadithi nzima haisimami.

Nilianzia kwenye fizikia, na fizikia ikanipa zaidi ya nilichoomba. Sauti hubeba nishati kidogo sana kuliko masikio yanavyotuaminisha. Kelele ya desibeli 120, ile ambayo mtu anaanza kuziba masikio, ina wati 1 tu kwa kila mita ya mraba. Tena mahali pa wazi, kila umbali ukizidi mara mbili, inapungua kwa desibeli 6. Na hewani kuna kikomo: ikifika karibu desibeli 194, shinikizo katika bonde la wimbi limeshashuka hadi ombwe, yaani pasipo na hewa kabisa, na kinachozidi hapo si sauti ya kawaida tena bali ni wimbi la mlipuko. Volkano ya Krakatoa huko Indonesia ilipolipuka mwaka 1883, mlio wake ulisikika hadi kisiwa cha Rodrigues katika Bahari ya Hindi, karibu kilomita 4,800 kutoka pale, lakini wengi wa waliokufa siku ile waliuawa na mawimbi ya bahari. Kwa hiyo anayetaka kuua kwa ukubwa wa sauti peke yake ajue kwamba wa kwanza kuumia ni yeye. Hakuna aliye karibu na baragumu kuliko anayelipuliza.

Ila kila kitu kigumu kina mtetemo wake wa asili. Ukiujua na kuurudia kwa subira, kila pigo dogo linajiongeza juu ya lililotangulia, kama unavyomsukuma mtoto kwenye bembea kwa kidole kimoja mpaka anapaa. Mwaka 1831 daraja la kuning'inia la Broughton, Uingereza, lilikatika askari walipokuwa wakilivuka kwa mguu sawa. Baruti haikuhusika, wala kelele ya kutisha. Ilikuwa hatua zao tu, zikiangukia wakati uleule. Baada ya hapo jeshi likaamuru askari waache mguu sawa wanapopita juu ya madaraja. Niliposoma habari hiyo nilijua mivumo yangu itafanyaje kazi: haivunji kwa nguvu, inatafuta sauti ya kitu chenyewe na kukirudishia.

Maana yake mpiganaji wa mvumo lazima kwanza asikilize. Upanga unaweza kumkata mtu usiyemjua. Uma hauwezi. Hapo ndipo hadithi ilipopata moyo.

Nieleze uma ulivyo, kwa sababu ndio silaha ninayoiona vizuri zaidi. Ni chuma cha meno mawili marefu kama mkono wa mtu mzima, mpini wake umefungwa ngozi iliyolowekwa mafuta ili mtetemo usipotelee kiganjani. Kwenye kila jino kuna kipande cha madini ya risasi kinachoteleza. Ukikipandisha mlio unakuwa mzito, ukikishusha unakuwa mwembamba. Mbebaji anabana sahani ya shaba kwenye ukuta, ananyunyiza mchanga laini juu yake, anapiga uma na kuusimamisha kwenye jiwe. Ukuta usipoitika, mchanga unatikisika kidogo na kutulia. Anasogeza risasi, anapiga tena. Ukuta ukiitika, mchanga unakimbia sehemu zinazotetemeka na kujipanga mistari pale pasipotetemeka. Mistari hiyo sikuibuni mimi. Mjerumani Ernst Chladni alichapisha michoro yake mwaka 1787, akitumia sahani, mchanga na upinde wa fidla.

Anayebeba uma huu ni Nyamvua, naye ni kiziwi tangu kuzaliwa. Watu niliowaonyesha sura za mwanzo waliniuliza kama uziwi wake unamkinga. Haumkingi. Mtetemo unaingia kifuani na kwenye mifupa yake kama wa mtu mwingine yeyote, na nimeukataa kabisa ule mtindo wa kugeuza ulemavu kuwa kipaji cha kichawi. Sababu yangu ni nyingine. Vinywele vya sikio la ndani la binadamu vikifa havioti tena, kwa hiyo kila mbebaji wa mvumo, baada ya miaka kadhaa ya kazi, hupoteza usikivu. Wenzake wanaanza kujifunza kusoma mchanga na kuweka kiganja ukutani wakiwa wamechelewa, huku wakiomboleza walichopoteza. Nyamvua amesoma dunia kwa mikono tangu utotoni. Yeye ni fundi kwa sababu amefanya kazi hiyo muda mrefu kuliko wao, basi.

Adui naye si mjinga. Miji tajiri ya huko hujenga kuta za mawe yasiyolingana, kati yake wakishindilia udongo na nyuzi, ili mtetemo ufe ndani kabla haujakua. Maskini hawawezi gharama hiyo, wanaishi nyuma ya kuta za jiwe moja safi ambazo uma unazipata upesi. Silaha ikishakuwa na kanuni, inaanza kuchagua nani wa kuumia, na hapo sihitaji tena kumtungia mtu hotuba kuhusu dhuluma. Wapiga baragumu nao hupenda usiku mtulivu, kwa sababu hewa ya chini ikipoa kuliko ya juu, sauti hupinda kurudi ardhini na kufika mbali.

Kinachonishughulisha sasa ni sura ya baharini. Majini sauti huenda karibu mita 1,480 kwa sekunde, hewani ni 343 tu. Na mwili wetu kwa sehemu kubwa ni maji, kwa hiyo sauti ya hewani hutugonga na nyingi ikarudi, ila ya majini hupita ndani moja kwa moja. Kuna kamba mdogo ambaye hufunga gando lake kwa kasi hadi povu linatokea kwenye maji, na povu hilo likiporomoka linatoa mshindo unaolevya mawindo yake. Hatafuti mtetemo wa mtu. Uma ukizamishwa, basi, haumlazimishi mbebaji kusikiliza chochote. Nahodha atamwagiza Nyamvua aushushe chini ya merikebu ya adui, penye wapiga mbizi, naye atakataa. Nimeshaandika kukataa kwake. Bado naandika atakachofanya nahodha.