Filamografia ya Charles Lane: kumbukumbu ya mradi, awamu ya tatu

Mradi huu unaorodhesha filamu zote za mwigizaji Charles Lane. Awamu hii ilikuwa ya kutenganisha majina, na imekula muda kuliko zote. Charles Lane anayefuatiliwa hapa alizaliwa San Francisco mwaka 1905 kwa jina la Charles Levison, akafariki 2007 akiwa na miaka 102. Sura yake inajulikana na kila mpenzi wa sinema za zamani za Hollywood: mwembamba, mwenye miwani, midomo imebanwa, hana muda wa kupoteza. Jina lake wanalijua wachache.

Na jina lenyewe ni mtego. Charles Lane mwingine aliigiza katika filamu zisizo na sauti. Ndiye Daktari Lanyon wa Dr. Jekyll and Mr. Hyde (1920). Wa tatu ni mwongozaji wa Sidewalk Stories (1989), ambaye pia aliigiza. Orodha zinazotengenezwa na kompyuta huwachanganya wote. Kanuni iliyowekwa kwenye lahajedwali: chochote cha kabla ya 1931 kinaondolewa; cha kuanzia 1989 hakiingii mpaka sura ionekane. Kwa miaka ya mwanzo ya 1930 tafuta pia "Levison", maana ndilo jina aliloandikiwa katika Twentieth Century (1934).

Mwaka 1933 ndio mgumu. Alionekana katika filamu 23, kwa ujira wa dola 35 kwa siku. Studio ziliorodhesha wahusika wakuu tu, kwa hiyo ukitegemea majina ya kwenye skrini utamkosa mara nyingi. Hakuna njia ya mkato: filamu itazamwe yote, kwa mwendo wake wa kawaida, na kila anapotokea ziandikwe saa, dakika na sekunde, kisha ihifadhiwe picha moja ya uso.

Hapo kwenye saa ndipo makosa huzaliwa. Filamu ilipigwa kwa fremu 24 kwa sekunde, lakini DVD za PAL, mfumo wa televisheni uliotumika Ulaya, huichezesha kwa 25. Tukio la saa 1:00:00 linahamia 0:57:36, na sauti inapanda kidogo. Kwa mtu anayetambuliwa zaidi kwa sauti kuliko kwa mavazi, tofauti hiyo inapotosha sikio. Andika aina ya nakala kando ya kila muda, la sivyo mkaguzi wa pili ataona tukio halipo.

Imeongezwa pia safu ya mwaka wa kupigwa picha, tofauti na mwaka wa kutoka. Sababu ni Arsenic and Old Lace: ilipigwa 1941, ikatoka 1944, kwa kuwa mkataba ulitaka mchezo wa jukwaani uliozaa filamu hiyo umalize muda wake Broadway, New York, kwanza. Ukifuata mwaka wa kutoka, utamweka Lane studioni wakati wa vita, ilhali alikuwa katika kikosi cha ulinzi wa pwani cha Marekani.

Safu ya uhusika haikubali tena neno "karani" peke yake. Lazima ieleze anadai nini na kwa nani. Faida yake ilionekana mara moja kwenye filamu za mwongozaji Frank Capra. Katika You Can't Take It with You (1938), Lane anamwendea babu anayeigizwa na Lionel Barrymore kumdai kodi ya mapato. Katika It's a Wonderful Life (1946), Barrymore ni tajiri Potter, na Lane ndiye mkusanyaji wake wa kodi za nyumba. Ni yeye anayemweleza bosi wake kwamba wapangaji wanahamia kwenye nyumba za George Bailey, mhusika mkuu. Dakika chache tu, lakini bila yeye Potter asingekuwa na sababu ya kumwita George ofisini. Tukio la aina hii linastahili alama yake kwenye jedwali, na limepewa: "husukuma hadithi".

Kazi za televisheni zimetengewa jedwali jipya, kwa sababu huhesabiwa kwa kipindi. Ingizo la kwanza: I Love Lucy, Januari 1953, baba anayesubiri kwenye chumba cha wazazi hospitalini.