Shamba la baba lilirudi, ilibaki miezi miwili tu tulikose

Baba alifariki Aprili 2009 na shamba likabaki mikononi mwa baba mdogo, sisi tulikuwa shule, mama hakutaka ugomvi, miaka ikapita hivyohivyo mpaka 2020 tukasikia anamtafutia mteja. Ndo nikaamka.

Kila mtu akaniambia wewe ni mtoto wa marehemu, nenda kafungue kesi tu. Ushauri huo bado unaniuma mpaka leo! Nikaenda Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya nikafungua kwa jina langu, nikahudhuria miezi kadhaa, nauli, photocopy, ruhusa kazini, halafu shauri likafutwa bila hata shahidi mmoja kusikilizwa, kisa mimi sio msimamizi wa mirathi. Mali ya marehemu anayeidai mahakamani ni msimamizi, mtoto peke yake hana miguu ya kusimamia. Hakuna aliyeniambia.

Kibaya zaidi, siku hiyo ndo nikajua kwa sheria za Tanzania madai ya ardhi mwisho miaka 12, na kwa mali ya marehemu wanahesabu tangu siku aliyokufa, sio siku uliyoteuliwa. Yaani hata ukichelewa kuteuliwa saa inatembea tu. Nilikosa usingizi.

Sasa kikao cha ukoo, maana ili wakuteue msimamizi, Mahakama ya Mwanzo wanataka muhtasari wake pamoja na cheti cha kifo. Kwetu baba mdogo ndo katibu wa vikao vyote, ana mwandiko mzuri. Ndugu wakasema tumuweke mtu mwingine, mimi nikakataa, nikamwomba shangazi ampendekeze yeye yeye awe katibu. Akakubali, akijua miaka yote ile shamba limeshakuwa lake na kikao ni taratibu tu. Shangazi akawa anataja, yeye anaandika: mali za marehemu, nyumba moja, shamba lenye mipaka ya minyaa, akasaini chini. Nilikuwa nimekaa pembeni yake naiangalia ile kalamu inavyotembea, moyo unanidunda.

Nikateuliwa, nikafungua upya Februari 2021.

Alipokuja na hoja ya kukaa muda mrefu, mama akatoa barua aliyoihifadhi kwenye sanduku la nguo, karatasi ya daftari imekunjwa mara nne mpaka mikunjo imeanza kuachia, wino wa bluu: "Kaka naomba nilime pale chini mpaka mtakapopahitaji." Herufi y yenye mkia mrefu, ileile ya kwenye muhtasari. Akaulizwa kama mwandiko ni wake, akanyamaza kwanza, akasema ndio. Mtu aliyekaribishwa hata akae miaka 30 hawi mmiliki, na wajumbe wa baraza walikuja mpaka shambani wakaiona minyaa. Jamani barua kama hizo msichome mkifanya usafi, na mpeleke orijino, kopi muache kwa watu wawili tofauti.

Tulishinda. Mama alilia, mimi pia.

Baba mdogo alikuwa na mahindi hayajakomaa, mama akasema asing'olewe, avune kwanza. Tukamruhusu, ila safari hii tuliandikishana, akasaini mbele ya mwenyekiti wa kijiji, na karatasi nimeiweka mimi.