Siku mzee alipohesabu moja

Ilikuwa 2018, mzee wangu alikuja Marekani kunitembelea akitokea Tanga, nikamtoa El Paso kwa gari tukaenda Alamogordo kule New Mexico, maana alitaka kuuona ule mchanga mweupe wa jangwani, akasema unamkumbusha mashamba ya chumvi ya kwetu. Njia nzima tulizozana kuhusu mkanda. Mzee kaendesha malori zaidi ya miaka 30, kwake mkanda ni kitu cha kujipitishia kifuani ukiona trafiki mbele, ukishampita unaachia.

Sasa Alamogordo kuna makumbusho ya anga, na nje wameweka kile kigari cha reli cha maroketi, Sonic Wind namba 1. Nikamwambia baba, hiki alikipanda daktari wa jeshi la anga, luteni kanali John Paul Stapp, tarehe 10 Desemba 1954, hapo jirani tu kambi ya Holloman. Alitaka kujua rubani akichomoka na kiti kwenye ndege ya kasi mwili wake utahimili nini, na hakumtuma askari mdogo, alifungwa yeye. Maroketi 9 yakawaka, sekunde 5 tu kashafika kilomita 1,017 kwa saa, halafu breki za maji zikamsimamisha kwa sekunde 1.4, uzito wa mwili ukawa kama umezidishwa mara 46. Mishipa ya macho ikapasuka akawa haoni, ikachukua muda ndo kuona kukarudi.

"Daktari mwenyewe?"

"Mwenyewe, baba."

Akakizunguka kile chuma taratibu, akainama kukiangalia kiti, akaona mbele hakuna hata kioo. Nikamweleza pia kwamba huyo huyo ndo alipigania mikanda kwenye magari, sababu aliona wanajeshi wa anga wanakufa barabarani kuliko angani, na 1966 rais Johnson aliposaini sheria ya usalama wa magari naye alikuwepo.

"Hiyo sekunde moja na nukta nne ndo kiasi gani?"

"Hesabu tu baba."

Akasema "moja", akanyamaza. Akakaa kimya muda mrefu kashika ile fimbo yake, kisha akaanza kunisimulia habari za utingo wake, yule tuliyekuwa tunamwita mjomba, ambaye sisi watoto tuliambiwa kahamia kwao bara.

"Ng'ombe alikatisha karibu na Segera, nikashika breki. Nageuka, hayupo, kioo hakipo. Na mkanda wa upande wake niliukata mimi, mwanangu, nilikuwa nafungia turubai."