Mkanda ulionuka siki

Niliupata Majengo, hapa Dodoma, kwa muuza vyuma chakavu. Kopo la bati, ndani yake mkanda wa filamu wa milimita 16. Nilipofungua, harufu ya siki ikanipanda puani. "Chukua na uchafu wako huo, kaka," akasema, "mimi nauza bati."

Siki hiyo ni ugonjwa. Asetati, plastiki ya mikanda ya zamani, ikioza hutoa asidi, na mvuke wake unaharibu mikanda ya jirani. Kopo likalala stoo peke yake. Projekta sikuwa nayo, na hata ningekuwa nayo nisingethubutu: mkanda ulishasinyaa, meno ya mashine yangeyachana matundu ya pembeni.

Nikaamua kuupiga picha kwa simu, fremu moja moja, yaani kila picha ndogo ya mkanda peke yake. Kioo, karatasi nyeupe juu yake, taa chini. Kosa langu la kwanza lilikuwa balbu ya kawaida; joto likaukunja mkanda kama ganda la nyanya jikoni, fremu kumi zikaenda. Nikahamia LED. Futi moja ina fremu 40, na sekunde moja inakula 24. Usiku sita, fremu 1,200, sekunde 50. Palipogandana sikulazimisha.

Kilichotokea kwenye fremu hizo: trekta la minyororo linausukuma mbuyu. Watu wamesimama mbali, mikono kiunoni. Halafu mtoto mmoja anageuka na kuitazama kamera kwa fremu 19. Ukiicheza kawaida humwoni, haifiki hata sekunde. Mimi nilikesha naye. Nikampunguzia mwendo hadi fremu mbili kwa sekunde, akapata sekunde tisa na nusu. Michubuko na ukungu niliviacha. Filamu iliyosafishwa sana hunipa mashaka, kama picha ya pasipoti.

Sauti haikuwepo. Nikamwonyesha bibi, aliyekulia Kongwa enzi Waingereza walipokuja kulima karanga mwaka 1947, mradi wakauacha 1951.

"Mbuyu huo una nyuki, mjukuu wangu. Ngoja uwaone wanavyokimbia."

Kwenye mkanda hakuna anayekimbia. Nikamrekodi hivyohivyo, na sauti yake nikaiweka juu ya mbuyu. Neno Kongwa sikuliandika popote, maana kopo halisemi, na alama ndogo za Kodak, watengenezaji wa filamu, zinazoonyesha pembeni mwaka mkanda ulipotengenezwa, zinajirudia kila miaka 20, kwa hiyo hata mwaka sina hakika nao. Wanaotaja mahali kwa kubahatisha ili kazi yao ionekane nzito, mimi siwaelewi.

Tuliionyesha uani, Chang'ombe, kwa projekta ya kukodi na shuka la kitanda. Upepo wa Dodoma mnaujua. Mbuyu ukawa unatikisika kabla trekta halijaugusa, watu wakacheka. Alipogeuka yule mtoto, uani kukawa kimya. Filamu ikaisha, nikaanza kuchomoa nyaya.

"Acha kwanza," bibi akasema. "Rudisha pale kwa mtoto."