Kisima kabla ya vyumba: maji ya mvua juu ya uwanda wa Makonde

Anayejenga katika kitongoji cha uwanda wa Makonde, iwe upande wa Newala, Tandahimba au Nanyamba, apange kisima cha maji ya mvua, yaani tangi la kujengwa chini ya ardhi linalojazwa na maji ya paa, kabla hajachora vyumba. Nawaandikia hasa kaka na dada zetu walioko Dar wanaotuma fedha za kuwajengea wazazi. Bati, vigae na madirisha wanayachagua kwa makini, kisima wanamwachia fundi aamue.

Uwanda huu ni wa mchanga. Mvua ikinyesha inazama, na juu hakuna mto. Maji yanatokea mabondeni na chini ya kingo. Ukisimama Shimo la Mungu pale Newala unauona mteremko ambao mtu wa zamani alilazimika kuupanda na mtungi kichwani. Wazee walikaa juu kwa sababu vichaka vya huku viliwakinga na wavamizi. Leo uko mradi wa maji wa Makonde unaotegemea chanzo cha Mitema, lakini kupandisha maji kutoka bondeni hadi huku ni kazi ya pampu na umeme mwingi. Pampu zikisimama, kitongoji kilicho mwisho wa bomba ndicho kinachokauka kwanza, na dumu la lita 20 linaanza kuletwa kwa baiskeli au pikipiki kwa bei ya msimu.

Mvua yenyewe inatosha. Milimita moja ya mvua juu ya mita moja ya mraba ya paa ni lita moja ya maji. Nyumba ya mita 6 kwa 10 ina paa la mita za mraba 60; mwaka wa mvua ya milimita 900, paa hilo linapokea lita 54,000. Ondoa moja ya tano kwa maji yanayomwagika nje ya gata na yanayokauka juu ya bati, zinabaki lita 43,000 na ushee. Kaya ya watu watano wanaotumia lita 20 kila mmoja inahitaji lita 100 kwa siku. Kiangazi chetu, kuanzia Mei hadi mvua zitakapokaza karibu na Desemba, ni kama siku 200. Jumla ni lita 20,000. Kisima cha duara chenye kipenyo cha mita 3 na kina cha mita 3 kinabeba lita 21,000, na nusu tu ya paa lile inatosha kukijaza. Hata hivyo funga gata pande zote mbili, kwa kuwa mwaka wa mvua haba unakuja bila kupiga hodi.

Hesabu hiyo ni ya kunywa, kupika, kuoga na kufua kwa kiasi. Maji ya kuchanganyia dawa ya mikorosho hayamo. Pampu ya mgongoni ya lita 15 ikijazwa mara kumi imekula lita 150, yaani maji ya kaya ya siku moja na nusu. Anayepulizia mikorosho kutoka kisima cha nyumbani achimbe kikubwa zaidi tangu mwanzo.

Kinachovuruga visima vingi ni kalenda. Fedha za korosho zinaingia kupitia chama cha msingi kati ya Oktoba na Januari. Mtu akilipwa Oktoba anaita fundi Oktoba, wakati ambao maji ni ghali kuliko saruji. Fundi anabana maji, zege na lipu havimwagiliwi, vinakauka haraka na kupata nyufa nyembamba kama nywele. Akisubiri Januari, shimo linachimbwa kwenye mvua na kuta za mchanga zinaporomoka, pengine juu ya mchimbaji. Wakati mzuri ni Mei na Juni: mvua imeisha, udongo bado una unyevu wa kushikamana, na maji ya kujengea yanapatikana. Kwa hiyo fedha ya Oktoba inunue nondo, bati na gata, vitu ambavyo havilali vikaharibika. Saruji usiinunue mapema. Mfuko uliokaa miezi mitatu kwenye unyevu wa masika unashika mabonge na kupoteza nguvu. Saruji inatengenezwa hapa hapa Mtwara. Nunua wiki ya kazi.

Chagua mahali penye umbali wa mita 30 kutoka chooni, na mita 10 au zaidi kutoka kwenye mkorosho au mwembe. Mizizi ya mkorosho inatambaa mbali kupita kivuli chake, na ikipata ufa wenye unyevu inauingia. Duara ni bora kuliko mraba. Udongo unapobana ukuta wa duara, tofali zinasukumana na kukazana. Ukuta wa mraba unapasuka kwenye kona.

Kisima cha ukubwa huo kinataka mifuko 30 hivi ya saruji ya kilo 50, pamoja na ya kufyatulia tofali. Sakafu iwe ya zege la moja kwa mbili kwa nne (saruji, mchanga, kokoto), unene sentimita 10. Kuta za tofali za inchi sita zijengwe kwa saruji moja na mchanga nne, na nyuma yake mchanga ushindiliwe kila kozi mbili, maana ukiacha uwazi nyuma ya ukuta, uzito wa maji unausukuma nje. Lipu ya ndani ni moja kwa tatu, mikono miwili, ya kwanza ikwaruzwe kabla ya kupiga ya pili, kisha niru (uji wa saruji tupu) juu yake. Pale ukuta unapokutana na sakafu weka lipu ya mviringo, isibaki kona kali. Visima vingi vinavuja hapo. Mwagilia asubuhi na jioni kwa siku saba, na ukimaliza usikiache kikavu hadi Desemba: mimina ndoo kadhaa ndani, kifunike.

Mchanga mwekundu wa uwandani una udongo mwingi. Kuupima ni rahisi: jaza nusu chupa, ongeza maji, tikisa, acha hadi kesho. Tabaka laini la juu likizidi sehemu moja ya kumi ya mchanga wote, lipu yake itapasuka. Agiza mchanga wa mtoni hata kama gari litapanda bei kwa ajili ya mlima.

Gata ishuke sentimita moja kwa kila mita, na bomba la kushukia liwe la inchi nne. Juu ya mdomo wa kisima weka wavu mgumu wa kuzuia majani, na chini yake wavu wa mbu. Sasa jambo ambalo vitabu vya nje havilisemi kwa ajili yetu: kuanzia Juni vijiji vyetu vinapuliza salfa dhidi ya ubwiriunga, ugonjwa wa ukungu wa mikorosho, na upepo unaileta juu ya bati. Ikichanganyika na vumbi na vinyesi vya ndege, mvua za kwanza zinateremsha maji machafu kabisa. Bomba liwe na kiungo cha kuvutika pembeni. Mvua mbili au tatu za mwanzo wa msimu zimwagike zote nje. Baada ya hapo, kila mvua baada ya siku kavu, acha lita moja kwa kila mita ya mraba ya paa ipotee. Kwa paa letu ni madumu matatu.

Kisima kikijaa, klorini ya unga yenye nguvu ya asilimia 65 hadi 70 inatosha gramu 60. Weka maji kwenye ndoo kwanza, ndipo utie unga, koroga, mimina, subiri nusu saa. Ya kunywa yachemshwe bado.

Mfuniko wa sentimita 60 kwa 60 uwe na kufuli, kwa ajili ya watoto. Wakati wa kusafisha, Novemba, fungua usiku kucha hewa ipite, na asiingie mtu peke yake: afungwe kamba kiunoni, na juu wabaki wawili wenye nguvu ya kumvuta.